Dagahaley ina vipaji, haina dalali

Mtu yeyote aliyewahi kufika katika soko la mifugo la Garissa amemwona dalali, au dilaal kama Wasomali wenyewe wanavyomwita. Mtu huyu si mwenye ng'ombe wala si mnunuzi. Husimama baina ya mfugaji aliyetembea siku kadhaa na mifugo yake, na mfanyabiashara aliyekuja na fedha kutoka mjini. Mtaji wake ni kujua. Anaijua bei ya juma lililopita na anaikisia ya juma lijalo. Anamjua mnunuzi mwaminifu na anamjua mwenye maneno matamu na mkono mzito. Anajua ng'ombe huyu ametoka kwa nani na kwamba hakuibwa. Mfugaji humnung'unikia dalali kwa ujira anaojikatia, lakini akithubutu kuingia sokoni peke yake, mgeni asiyejua lugha ya bei, hurejea nyumbani na fedha pungufu kuliko zile ambazo dalali angemwachia.

Nimemtanguliza dalali huyu kwa kuwa leo ninakusudia kuzungumza juu ya biashara nyingine isiyokwenda bila dalali, nayo ni biashara ya sinema. Na ninataka kuizungumzia kutoka Dagahaley, mahali ambapo wasomaji wengi wa ukurasa huu hawajapata kufika na pengine hawana nia ya kufika.

Dagahaley, jina ambalo kwa Kisomali lina maana ya mahali penye mawe, ni mojawapo ya kambi tatu za mwanzo za wakimbizi zilizojengwa kandokando ya mji mdogo wa Dadaab. Ifo ilifunguliwa mwaka 1991. Dagahaley na Hagadera zikafuata mwaka 1992. Zote tatu zilikusudiwa watu 90,000. Kufikia mwaka 2011, ukame na vita vya Somalia vilipokutana, Dadaab ilikuwa na watu zaidi ya 460,000, idadi ambayo miji mingi ya Kenya haijaifikia. Wako watu wazima walio na watoto wao leo ambao walizaliwa humo na hawajapata kuishi kwingineko.

Sinema iliingia Dadaab kwa mlango wa hisani. Mwaka 1999 mtayarishaji wa filamu wa New York, Bi. Caroline Baron, alisikia habari za wakimbizi wa Kosovo walivyokaa kambini pasipo jambo la kufanya, akaanzisha shirika la FilmAid ili wapelekewe picha za kutazama. Bibi huyu si mtu mdogo katika fani yake. Ni miongoni mwa waliotayarisha Monsoon Wedding ya Mira Nair, iliyotwaa Simba wa Dhahabu mjini Venice mwaka 2001, na Capote ya mwaka 2005. FilmAid ilifika Kakuma, ikafika na Dadaab. Skrini kubwa ikawekwa uwanjani usiku na watu wakaketi mchangani. Baadaye likafanyika jambo lililo bora kuliko hilo: vijana wa kambini wakafundishwa kuandika hadithi, kushika kamera na kuhariri picha. Wakatengeneza filamu zao wenyewe, juu ya kambi yao wenyewe, katika lugha zao wenyewe.

Baada ya hapo, nini? Kijana amejifunza kuigiza. Ameshangiliwa na jirani zake. Ana picha fupi yenye jina lake. Nani atamchukua kutoka hapo alipo hadi mahali ambapo kazi hiyo hulipwa? Kabla ya kujibu, naomba msomaji anivumilie nimlete Mmarekani mmoja ambaye kwa miaka mingi alikuwa dalali wa watu wa sinema, kisha akawa mtayarishaji, na ambaye kazi yake kubwa kuliko zote ilitokana na nchi hii hii ya Kaskazini.

Jina lake ni Sam Jaffe. Wapo watakaofikiri ninamsema yule mwigizaji mwenye nywele za kusimama aliyecheza Gunga Din mwaka 1939. Sivyo. Hao ni watu wawili waliogawana jina moja na mji mmoja, jambo lililowaudhi makarani wengi wa mishahara, bila shaka. Jaffe wetu alizaliwa New York mwaka 1901. Dada yake, Adeline, aliolewa na B. P. Schulberg aliyekuja kuwa mkuu wa utengenezaji wa filamu katika kampuni ya Paramount, na kwa mlango huo wa ushemeji Jaffe akaingia katika kazi. Tusimbeze kwa hilo. Ndugu humwingiza mtu kazini; kudumu humo ni juu yake mwenyewe.

Katika Paramount alipanda hata akawa msimamizi wa utengenezaji. Mwezi wa Januari 1929, wakati filamu zilipokuwa zinaanza kusema, jengo jipya la kampuni hiyo lililozuiwa sauti za nje liliteketea kwa moto. Wakubwa wakakata tamaa: ni wapi tena watanasa sauti pasipo kelele za magari? Husimuliwa kwamba ni Jaffe aliyetoa shauri jepesi kabisa, kwamba wafanye kazi usiku, mji ukiwa umelala. Wakafanya hivyo. Ninakipenda kisa hiki kwa kuwa kinatuonyesha aina ya akili aliyokuwa nayo, akili ya mtu anayetazama kilichobaki badala ya kulilia kilichoungua.

Katika miaka ya 1930 aliacha kuajiriwa akawa wakala wa waigizaji. Hapa hapana budi tueleze kazi yenyewe, maana Waswahili tunalitumia neno wakala kwa mambo mengi. Wakala wa mwigizaji hutafuta kazi kwa niaba ya mwigizaji, hujadili ujira, husoma mkataba mstari kwa mstari, na mwigizaji akilipwa yeye huchukua sehemu yake, ambayo kwa desturi ya Hollywood ni asilimia 10. Mwigizaji asipolipwa, wakala naye hapati kitu. Hiyo ndiyo hekima ya mpango huu: riziki ya wakala imefungwa kwenye riziki ya mwigizaji. Mwaka 1950 wakala mmoja mashuhuri, Lew Wasserman, alimpatia James Stewart fungu la faida ya filamu ya Winchester '73 badala ya mshahara wa kawaida, na tangu siku hiyo wenye kampuni hawakulala usingizi ule wa zamani.

Miongoni mwa watu wa Jaffe walikuwamo Fredric March na Humphrey Bogart. Bogart alikuwa amefungwa na kampuni ya Warner kwa mikataba ya zama zile, ambapo mwigizaji aliambiwa acheze hiki, akikataa akasimamishwa bila mshahara. Kufikia mwisho wa mwaka 1946 Bogart huyo huyo alikuwa na mkataba wa miaka 15, filamu moja kwa mwaka, dola 200,000 kwa kila filamu, na haki ya kukataa hadithi asizozipenda. Uso wa Bogart haukubadilika katika miaka hiyo, isipokuwa kuzeeka. Kilichobadilika ni kwamba alikuwapo mtu wa kumsemea mbele ya wenye fedha, aliyejua jinsi wenye fedha wanavyofikiri kwa kuwa alipata kuwa mmoja wao.

Kisha ikaja dhoruba. Mwaka 1947 Kamati ya Bunge la Marekani ilianza kuwahoji watu wa sinema juu ya ukomunisti. Kumi walikataa kujibu. Wote wakahukumiwa vifungo, na kampuni zikaweka orodha ya watu wasioajirika. Wakala aliyekuwa na watu wenye majina katika orodha hiyo hakuwa na la kuuza, kwani hakuna mnunuzi aliyethubutu kununua. Bogart mwenyewe alipanda ndege kwenda Washington kupinga, kisha mwaka 1948 akarudi nyuma hadharani. Jaffe aliona jinsi kipaji kinavyoweza kuwapo, kikapevuka, na bado kikazuiwa kwa karatasi moja ya serikali na woga wa wafanyabiashara. Msomaji ailinde sentensi hiyo, tutaihitaji tutakaporudi Dagahaley.

Mwisho wa miaka ya 1950 aliiacha kazi ya uwakala akavuka bahari kwenda Ulaya. Haikuwa mara yake ya kwanza kutayarisha filamu. Jina lake limo katika The Sullivans ya mwaka 1944, juu ya ndugu watano wa familia moja waliokufa vitani katika meli moja. Lakini sasa aliingia kikamilifu. Ndipo yeye na mshirika wake Paul Radin walipokishika kitabu cha Joy Adamson, Born Free, kilichotoka mwaka 1960, juu ya simba jike aitwaye Elsa.

Kisa cha Elsa chajulikana dunia nzima, lakini watu husahau kinatoka wapi. George Adamson alikuwa bwana nyama, yaani msimamizi wa wanyama pori wa serikali ya kikoloni, katika ile iliyoitwa Wilaya ya Mpaka wa Kaskazini. Makao yake yalikuwa Isiolo, na eneo lake lilikuwa pana kuliko nchi nyingine zilizo na bendera. Yeye na Joy walionana mara ya kwanza mjini Garissa, wakati wa Krismasi ya mwaka 1942. Mwezi Februari 1956 George alimpiga risasi simba jike aliyemrukia, na baadaye akagundua kwamba alikuwa akiwalinda watoto wake watatu. Wawili walipelekwa katika bustani ya wanyama ya Rotterdam. Wa tatu akabaki. Aliyewalea na kuwachunga kila siku alikuwa Nuru, mtumishi wa nyumbani. Na Makedde, askari wa wanyama pori wa Kiturkana, alikuwa daima karibu na bunduki yake. Elsa alirudishwa mwituni, akazaa, akafa Januari 1961.

Filamu ilipigwa mwaka 1964 na 1965. Haikupigwa Kaskazini. Siku ya Krismasi ya mwaka 1963, siku 13 tu baada ya uhuru, serikali ilitangaza hali ya hatari katika Mkoa wa Kaskazini Mashariki kwa sababu ya vita vya shifta, na Kaskazini ya skrini ikajengwa Naro Moru, chini ya Mlima Kenya, penye majani na maji baridi. Wenyeji wa nchi ya Elsa wakati huo walikuwa wakiishi chini ya ulinzi wa askari. Kwao kibali cha kusafiri hakikuwa kitu kipya. Tangu amri ya mwaka 1902 juu ya wilaya za pembeni, mtu aliyeingia au kutoka katika nchi hiyo alihitaji ruhusa. Dunia ikaimba juu ya uhuru wa simba kutoka katika nchi ambayo binadamu wake hawakuwa na uhuru wa kupanda lori. Hali ile ya hatari ilikuja kuondolewa katika sheria mwaka 1991, mwaka ule ule Ifo ilipofunguliwa.

Juu ya filamu yenyewe kuna jambo moja la kumsifu Jaffe na wenzake. Mwandishi wa hadithi ya skrini anatajwa kwa jina la Gerald L. C. Copley. Hapakuwa na mtu wa jina hilo. Alikuwa Lester Cole, mmoja wa wale kumi waliofungwa, ambaye miaka 15 baada ya kifungo bado hakuweza kuuza kazi kwa jina alilopewa na wazazi wake. Naye Carl Foreman, aliyekuwa nyuma ya mradi huu, alikuwa mmoja wa waliokimbilia London kwa sababu hiyo hiyo. Filamu ya watoto juu ya simba ilitengenezwa, kwa sehemu kubwa, na watu waliofukuzwa makwao. Wakimbizi, kwa neno jingine, ingawa wenye hoteli nzuri zaidi.

Machi 1966 ilionyeshwa mjini London mbele ya Malkia. Mwaka uliofuata ikapata tuzo mbili za Oscar, zote za muziki wa John Barry, mmoja kwa muziki wenyewe na mwingine kwa wimbo alioutunga pamoja na Don Black. Utalii wa Kenya ulipata tangazo ambalo wizara yoyote isingemudu kulilipia.

Sasa tutazame orodha ya waigizaji. Virginia McKenna ni Joy. Bill Travers, mumewe, ni George. Geoffrey Keen ni mkubwa wa serikali. Nuru ameigizwa na Peter Lukoye, na Makedde na Omar Chambati. Hawa wawili wamo katika filamu kwa sehemu kubwa; ni wao wanaowabeba watoto wa simba, ni wao wanaokimbia, wanaocheka, wanaoogopa. Mtu aliyeitazama picha hiyo utotoni anazikumbuka sura zao hata kama hakupata kuyasoma majina yao.

Msimamizi wao, mtayarishaji wao, alikuwa mtu aliyejua kuliko karibu kila mtu aliye hai thamani ya mwigizaji mwenye msemaji. Lakini safari hii Jaffe alikuwa amekaa upande wa pili wa meza. Simlaumu. Mnunuzi hatakiwi kumpandishia muuzaji bei. Hiyo si kazi yake. Marekani yenyewe iliona mwaka 1962 kwamba haifai mtu mmoja kuwa dalali na mnunuzi kwa wakati mmoja, serikali ikailazimisha kampuni ya MCA ya yule Wasserman ichague moja, ikauacha uwakala ikabaki na utengenezaji. Kasoro ilikuwa upande wa pili wa meza, upande wa Lukoye na Chambati, ambako hapakuwa na kiti cha dalali. Kenya ilikuwa na umri wa mwaka mmoja. Kazi ya kuwasemea waigizaji Waafrika ilikuwa haijazaliwa hapa.

Matokeo tunaweza kuyafuata. McKenna na Travers waliendelea kuitwa kazini London na Marekani. Lukoye alionekana tena katika Living Free ya mwaka 1972, iliyotayarishwa na Radin. Mwaka 1974 televisheni ya Marekani ilipokuja Kenya kuigeuza hadithi hii kuwa mfululizo wa vipindi, nafasi ya Makedde hakupewa Chambati. Alipewa Hal Frederick, mwigizaji kutoka ng'ambo. Pengine alikuwa mwigizaji hodari. Lakini mwigizaji wa ng'ambo hupata nafasi kwa sababu siku nafasi inapotangazwa yuko mtu mezani mwenye picha yake mkononi.

Na kuna mzaha mchungu zaidi. Simba wa filamu hiyo walipata watetezi! Upigaji picha ulipokwisha wengi wao waliuzwa katika bustani za wanyama. Travers na McKenna walikasirika; George akawaomba watatu, akawapeleka Meru kuwafundisha kuwinda: Boy, Girl, na Ugas, ambaye jina lake ni cheo cha wazee wakuu wa Wasomali. Hasira ile haikufa. Mwaka 1984 ilizaa Zoo Check, shirika ambalo baadaye liliitwa Born Free Foundation, na ambalo hadi leo lina ofisi, mawakili na wafadhili. Simba waliocheza kwa miezi kadhaa walipata wasemaji wa kudumu. Siwaonei wivu simba. Ninauliza tu hesabu ya binadamu.

Atakayesema hayo ni mambo ya kale namtajia Barkhad Abdi. Alizaliwa Mogadishu mwaka 1985, akakimbizwa Yemen akiwa mtoto, akafika Minneapolis mwaka 1999. Watengenezaji wa Captain Phillips walipotangaza usaili wa wazi katika mtaa wa Cedar-Riverside, penye Wasomali wengi, walijitokeza watu zaidi ya 700. Hakuwa na wakala. Hakuwa na hata filamu moja. Alipewa nafasi ya kiongozi wa maharamia mbele ya Tom Hanks, na mwaka 2014 akatwaa tuzo ya BAFTA na kuteuliwa kuwania Oscar. Filamu iliingiza zaidi ya dola milioni 200 duniani. Yeye, kwa mujibu wa gazeti la The New Yorker, alilipwa dola 65,000, na upigaji picha ulipokwisha alirudi kuuza simu katika duka la nduguye.

Tofauti ya Barkhad na kijana wa Dagahaley si kipaji. Ni kwamba Barkhad aliweza kutoka nyumbani kwake, akaenda kwa miguu au kwa basi hadi ukumbi wa usaili, na hakuna polisi aliyemsimamisha. Kijana wa Dagahaley akisikia leo kwamba Nairobi kuna usaili keshokutwa, lazima kwanza aombe kibali cha kutoka kambini. Barabara ya Garissa ina vizuizi, na askari kizuizini hasomi ratiba ya usaili. Mkimbizi akikutwa bila karatasi anaweza kupelekwa mahakamani. Na usaili haumngoji mtu. Mwongozaji hukaa siku mbili, akampata amtakaye, akafunga daftari. Hii ndiyo ile karatasi moja ya serikali niliyomwomba msomaji ailinde.

Ninajua hoja ya upande wa usalama, nami siidharau. Katika Kaunti ya Garissa waliuawa watu 148 katika shambulio la Chuo Kikuu mwezi Aprili 2015, na mwaka uliofuata serikali ikatangaza kuifunga Dadaab kabisa, hadi Mahakama Kuu ilipotamka Februari 2017 kwamba uamuzi huo unakiuka Katiba. Lakini kizuizi kisichobagua baina ya mwenye bomu na mwenye barua ya usaili hakikamati bomu kwa sababu ya kumnyima mwigizaji. Sheria ya Wakimbizi ya mwaka 2021 na Mpango wa Shirika uliozinduliwa Machi 2025 vinasema kwamba mkimbizi anapaswa kujitegemea na kushiriki katika uchumi. Vema. Basi anayejitegemea kwa ng'ombe apewe njia ya sokoni, na anayejitegemea kwa uso na sauti apewe njia ya ukumbini.

Upande wa sheria za filamu kuna jambo ambalo likitazamwa kwa makini linachekesha. Kenya inamtambua wakala katika sinema! Mtengenezaji wa kigeni anayetaka kupiga picha nchini hutakiwa apitie kwa wakala wa filamu aliyesajiliwa hapa, na wakala huyo ndiye anayemwombea leseni na kumpitisha katika ofisi. Yaani mnunuzi, mwenye kamera na dola, tumempa dalali kwa amri ya sheria. Muuzaji, mwenye kipaji na njaa, tumemwachia Mungu. Katika soko la Garissa jambo hili lingeitwa jina lisilochapika gazetini.

Naamini ufumbuzi wake si mgumu wala ghali. Leseni ya filamu ya kigeni inayopigwa Kenya ingeweza kuwa na sharti moja zaidi, kwamba kila mwigizaji wa hapa mwenye maneno ya kusema awe na mkataba ulioandikwa katika lugha anayoisoma, na awe na mtu wa kumsomea asiyelipwa na mtayarishaji. Tume ya Filamu ya Kenya, iliyoundwa mwaka 2005, ingeweza kuweka daftari la mawakala wa waigizaji kama lilivyo la mawakala wa filamu, na kuweka ukomo wa asilimia wanazokata, ili asije tapeli akajiita wakala na kumtoza msichana fedha za usaili kabla hajamwona hata karani. Matapeli hao wapo, na wamewatia hasara wengi mjini; kambini, penye hamu kubwa na habari kidogo, wangevuna zaidi. Dalali wa kweli hachukui kitu kabla ng'ombe hajauzwa.

Wala nisidhaniwe ninaota ndoto za Hollywood kwa kila mtoto. Halima Aden alizaliwa Kakuma mwaka 1997, kambi dada ya Dadaab. Mwaka 2017 wakala mkubwa wa wanamitindo, IMG, alimsajili kwa mkataba uliolinda haki yake ya kuvaa hijabu. Baada ya miaka mitatu aliona heshima yake inamomonyoka katika kazi hiyo, akaiacha kwa hiari yake, na jina lake likatokea miongoni mwa watayarishaji wa I Am You, filamu juu ya wakimbizi wa Afghanistan. Alikuwa na mkataba wa kuingia, kwa hiyo aliweza pia kutoka kwa masharti yake. Lakini mkataba wake ulitiwa saini Marekani, miaka mingi baada ya kuihama kambi. Ndivyo ilivyo kwa karibu kila jina tunalojivunia: huanza kuwa na thamani akishavuka bahari.

Sam Jaffe alifariki Januari 2000, akiwa na umri wa miaka 98. George Adamson, aliyehamia Kora kandokando ya Tana mwaka 1970 pamoja na simba wake, aliuawa huko na majambazi mwezi Agosti 1989, akazikwa hapo hapo. Kaburi la Elsa liko Meru na wageni hupigwa picha mbele yake. Filamu yenyewe bado inauzwa, na kila inapoonyeshwa majina ya Peter Lukoye na Omar Chambati hupita juu ya skrini kwa sekunde chache.

Siku moja atatokea mtayarishaji mwingine atakayetaka hadithi ya Kaskazini, na safari hii huenda isiwe ya simba. Atahitaji watu wanaosema Kisomali cha pande hizi, wanaojua namna mwanamke anavyofunga mzigo juu ya ngamia na namna foleni ya mgao inavyopangwa. Watu hao wako Dagahaley. Atapiga simu kwa wakala wake wa filamu aliyesajiliwa Nairobi. Je, wakala huyo naye atampigia nani?